Vigelegele Viwili Vilivyokatwa

Jumatatu, 10 Machi 1958. Majengo, Thika

Daftari hili naliandika kwa Kiswahili kwa sababu mbili. Ya kwanza, mdogo wangu Wangeci anasoma Kikuyu vizuri na hana haya ya kufungua vitu vya watu. Ya pili, askari akiingia kupekua chumba akute kurasa zimejaa Kikuyu, ataona kiapo cha Mau Mau kila mstari. Kiswahili atakisoma, atachoka, atalirudisha sandukuni.

Leo Zacharia Waweru amekuja shuleni na baiskeli yake. Huyu ni karani na mkalimani wa watu wa sinema, na ndiye anayeshika kipaza sauti gari lao linapozunguka kuonyesha filamu. Alisimama mlangoni watoto wakisoma, akasema Bwana Pelham, mkubwa wake, anataka wimbo mwingine. Filamu ni ya kliniki mpya ya kina mama kule Ruiru.

"Wamama hawaendi, mwalimu. Wanaogopa. Wewe tunga kitu cha kuwavuta."

Hii itakuwa ya tatu. Ya kwanza ilikuwa ya kunawa mikono, ya pili ya kuchimba matuta. Nyimbo zote mbili nilitunga mimi, Ngendo wa Kang'ethe, na watoto wanaziimba mpaka leo wakienda mtoni. Lakini pale mwanzo wa filamu panapoandikwa majina, langu halimo. Limo la mpiga picha. Limo hata la dereva wa gari! Nikamwambia Zacharia, chaki ingali mkononi, kwamba safari hii bila jina langu sitoi sauti.

"Hiyo ni kitu kidogo, mwalimu. Nitaambia mzungu."

Kidogo kwa nani?

Jumatano, 12 Machi

Jua kali. Kila mtu anatazama juu.

Jumamosi, 15 Machi

Treni ya asubuhi mpaka Ruiru, pasi ya kusafiria mkononi. Nimeonyeshwa filamu ndani ya ghala la kahawa, juu ya shuka, milango imefungwa. Haina sauti bado. Mama anaitwa Wamboi, mke wa mchuma kahawa, na si mwigizaji: amekuja kuzaa kweli, wakampiga picha. Anapokelewa na nesi, analala kitanda cheupe, halafu mtoto anaoshwa kwenye karai. Anainuliwa juu, miguu hewani, na hapo hakuna wa kuuliza. Ni mvulana.

Bwana Pelham amenipa karatasi ya vipimo. Yeye hupima muziki kwa futi: futi thelathini na sita za filamu ni dakika moja. Ana saa yake ya kubonyeza. Mimi nina kinu. Nikitwanga kwa mwendo wangu wa kawaida, dakika moja ni mapigo arobaini. Mwaka jana alinipima kwa saa yake mara tatu, sikukosea hata pigo moja. Kwa hiyo akisema futi kumi na nane, mimi najua ni mapigo ishirini, na maneno nayatia humo.

Mwenye nyumba wangu, Bi Mwanarusi, alisimama uani jioni akinitazama.

"Mwanangu, unatwanga kutwa, unga uko wapi?"

"Natwanga wimbo, Bi Mwanarusi."

"Haya. Basi usinivunjie kinu kwa wimbo."

Alhamisi, 20 Machi

Mvua imeanza saa kumi jioni. Wangeci ametoka uani na tumbo lake la miezi sita, akanyosha mikono ilowe. Mume wake yuko Ruiru kwenye shamba la kahawa, wanalala wanaume kumi chumba kimoja, kwa hiyo amekuja kwangu mpaka ajifungue. Mtoto wake wa kwanza alimpoteza. Alikaa na uchungu siku mbili, nyumbani, na mimi nilikuwepo. Sitaki kuona tena kitu kama kile. Safari hii ataenda kliniki. Amekubali.

Jumapili, 23 Machi

Wimbo umekuja nikitoka kanisani, matope hadi kwenye vifundo.

Mama njoo, mlango u wazi,
maji ya moto yako tayari.
Aliyekuzaa hakuwa na taa,
wewe unayo, usiogope.

Mtoto anapoinuliwa kwenye karai, maneno yanakoma na vigelegele vinaingia. Kwetu tunaviita ngemi. Akizaliwa mvulana, wanawake hupiga vitano. Akizaliwa msichana, vitatu. Aliye shambani ng'ambo ya mto husimamisha jembe, akahesabu, akajua. Hakuna anayekwenda kuuliza. Nilipokuwa mdogo nilimuuliza mama kwa nini sisi tunapunguziwa viwili, akanipiga na mwiko.

Vitano, basi. Mapigo kumi ya kinu, mawili kwa kila kimoja.

Jumanne, 1 Aprili

Hatukurekodi. Wanawake kumi na wawili wametembea kwenye matope mpaka kanisani, mbele yao Warigia, ambaye ana miaka sitini na koo la msichana. Mashine ikawashwa, mvua ikaja juu ya mabati. "Hapana mzuri," akasema Bwana Pelham. "Mvua napiga kelele." Zacharia akatutafsiria hayo, kana kwamba tulikuwa viziwi.

Alhamisi, 3 Aprili

Mvua. Mabati. Tumerudi nyumbani.

Jumanne, 8 Aprili

Vilevile. Warigia amesema akiitwa tena bure ataimba mazishi.

Ijumaa, 11 Aprili

Tumerekodi! Nilisema mimi: twendeni kwenye lile ghala la Ruiru, tusimame katikati ya magunia ya kahawa. Magunia yanakula kelele. Bwana Pelham akapiga makofi mara mbili, akamwambia dereva "mzuri sana," na dereva akanitazama kwa huruma.

Tuliimba mara nne, Wangeci amekaa juu ya gunia akisikiliza. Ya nne hata mimi ilinisimamisha nywele. Baadaye nilimwita Zacharia pembeni, karibu na mashine, nikasema polepole ili asisingizie hakusikia.

"Mwambie vigelegele ni vitano. Wimbo ukizidi picha, akate popote anapotaka. Akate ubeti wangu wa kwanza wote. Hapo asiguse."

"Ndiyo, mwalimu."

"Mwambie sasa, mimi nikiwa hapa."

Akamwambia. Kiingereza changu ni cha kitabu, na kile wanachoongea wao kinapita puani, kwa hiyo nilishika maneno machache tu. Bwana Pelham akaitikia kwa kichwa. Nikatoa karatasi niliyoandika kwa herufi kubwa, NGENDO WA KANG'ETHE, nikampa Zacharia. Akaikunja, akaitia mfuko wa shati, akaupigapiga mfuko.

Jumanne, 22 Aprili

Shule nzima inakohoa.

Jumatano, 30 Aprili

Njahi, maharage yetu meusi, zimeota. Zacharia amepita na baiskeli, hakusimama, amepaza sauti tu: "Jumamosi ya tarehe kumi, uwanja wa mpira!" Nimemuuliza Wangeci kama kitambaa changu cha bluu bado kina rangi. Nina furaha ya kipumbavu.

Jumamosi, 10 Mei

Sijavua hata kitambaa, nitaandika hivyohivyo.

Thika nzima ilikuja. Gari la sinema liliegeshwa mwisho wa uwanja, shuka kubwa ikafungwa kati ya nguzo mbili. Mimi nilikaa mbele na Wangeci, Bi Mwanarusi, na waimbaji wangu wote. Kitambaa cha bluu kichwani.

Maandishi yakaja. Mpiga picha, sawa. Dereva, sawa. Kisha: MUZIKI, Z. WAWERU.

Nilisoma mara mbili. Wangeci, ambaye hajui Kiingereza, aliniuliza, "Wewe uko wapi?" Nikamwonyesha kwa kidole jina la Zacharia. Zacharia alikuwa amesimama kando ya gari na kipaza sauti chake, tai shingoni, akitazama watu badala ya kutazama filamu.

Wimbo ukaanza. Nataka niandike hili pia, kwa sababu ni kweli: ulikuwa mzuri. Watu walinyamaza. Mama mmoja nyuma yangu alianza kuitikia. Wamboi akalala kitanda cheupe, nesi akachota maji, mtoto akainuliwa miguu hewani, uwanja mzima ukaona ni mvulana.

Kigelegele kimoja. Cha pili. Cha tatu. Halafu kimya, na picha ya nyanya akitabasamu langoni.

 Nilisikia watu wakihesabu, midomo inakwenda. Kisha bibi mmoja akasimama, akatupa mkongojo wake chini.

"Uuuwi! Wamembadilisha! Mama amezaa msichana, wamempa mvulana wa mtu!"

"Kai! Na yule msichana wamempeleka wapi?"

"Cucu, bibi yangu, keti, ni sinema tu."

"Sinema gani! Wewe huna masikio?"

Zacharia alipiga kelele kwenye kipaza sauti kwamba watulie. Wanawake waliokuwa na watoto mgongoni waliondoka wakikimbia, wakiwashika vichwa. Warigia alinigeukia. "Ngendo. Mimi nilipiga vitano. Koo langu linajua." Waimbaji wangu wote walinitazama hivyo.

Wamekata wimbo wangu kama mtu anayekata shati lisilo lake.

Jumapili, 11 Mei

Kanisani hakuna aliyesikiliza mahubiri. Wanasema kliniki ya Ruiru inabadilisha watoto. Wanasema watoto wa kike wanachukuliwa kwa ndege. Kesho watakuwa wanawachukua kwa meli.

Jumatano, 14 Mei

Wangeci hataki tena kliniki.

"Wewe ulikuwa ghalani," nimemwambia. "Ulisikia vitano kwa masikio yako."

"Nilisikia. Lakini na filamu nilisikia. Ngendo, wa kwanza nilimzika. Huyu nikipewa wa mtu mwingine nitajuaje?"

Nilipaza sauti, nikamwita mjinga, na tumbo lake lile mbele yangu. Akalia. Nikatoka uani kwenye mvua, nikapiga kinu teke, sasa kidole cha mguu kimevimba. Bi Mwanarusi amenikanda na chumvi bila kuuliza kitu. Mwishowe akasema, "Mwenye kovu usidhani kapoa, mwanangu. Mdogo wako hagombani na wewe, anagombana na kaburi." Najua. Ndiyo maana nina hasira zaidi, kwa sababu sina pa kuipeleka hapa nyumbani.

Jumatatu, 19 Mei

Sasa ninalo jina! Ndiyo. Sokoni, mtoni, kwa muuza mafuta ya taa, kila mtu anajua aliyetunga wimbo wa sinema. Zacharia Waweru amewaambia. "Ule wimbo ni wa mwalimu Ngendo, mimi niliwekwa tu kwa karatasi." Miaka miwili nimeomba nitajwe, midomo yake ilikuwa imeshonwa. Wimbo uliposifiwa ulikuwa wake. Ulipoharibika amenirudishia, ameusafisha vizuri, amenifungia na kamba.

Mzazi mmoja amemtoa mtoto wake darasani kwangu.

Ijumaa, 23 Mei

Wamekuja wote wawili shuleni na gari. Bwana Pelham hakuwa na ubaya usoni, alikuwa amechoka tu, viatu vimejaa matope.

"Mwalimu, kliniki hapana mtu. Kitanda yote wazi. Bibi yote nasema sisi naiba toto. Jumamosi ingine nataka onyesha sinema Ruiru. Wewe nakuja. Wewe natunga wimbo, wewe nasema pole kwa bibi."

Niombe msamaha!  Nikaacha Kiswahili chake, nikatafuta Kiingereza changu cha kitabu, neno kwa neno, kama ninavyofundisha watoto: nani alikuambia unaweza kukata pale?

Alishangaa. Akasema wimbo ulizidi picha kwa futi tatu na nusu. Aliuliza. Akanyosha kidole kwa Zacharia. "Huyu nasema kelele ya furaha tu. Moja, tano, kumi, sawasawa."

Zacharia alikuwa anaangalia gurudumu la gari.

"Zacharia," nikasema, kwa Kikuyu sasa. "Siku uliyozaliwa vilipigwa vingapi?"

"Mwalimu, hayo si mambo ya kuongea mbele ya mzungu."

"Vingapi?"

"Vitano."

"Basi ulijua."

Akajibu chini chini. Alisema angemwambiaje mzungu abadilishe filamu ya serikali kwa sababu ya makelele ya wanawake. Angeonekana mshenzi. Bwana Pelham angemcheka.

Kama angekosea kwa kutojua ningemsamehe. Bwana Pelham hajui, ni mgeni, hata Kiswahili anakikanyaga. Lakini huyu anajua, alizaliwa ndani yake, alihesabiwa vitano vyake vyote bila kupunguziwa, akavitoa viwili vya mtoto wa Wamboi ili asichekwe. Siku zote nilimdhani mwizi. Leo nimeona ni mwoga, na nimegundua mwoga ananikasirisha zaidi.

Nikamwambia Bwana Pelham nitakuja.

Jumatano, 28 Mei

Mvua inapungua. Nimekwenda kwa Wamboi, tumeongea. Nimemnunulia mtoto kofia.

Jumamosi, 31 Mei. Ruiru

Tumelala kwa dada yake Warigia kwa sababu ya kafyu. Naandika kwa mwanga wa taa ya chemni, wengine wanakunywa chai na kelele zao.

Nilikuja na Warigia na waimbaji. Wangeci alisema hatakuja, kisha akaja, akitembea nyuma yetu hatua kumi, ameshika kiuno. Uwanja ulio mbele ya kliniki ulikuwa umejaa kuliko Thika. Watu walikuja kuona sinema inayoiba watoto.

Kabla filamu haijaanza, Zacharia alishika kipaza sauti. "Wamama, kulikuwa na makosa kwa wimbo. Mwenye kutunga ni mwalimu Ngendo wa Kang'ethe. Yuko hapa. Atawaomba msamaha."

Ndiyo mara ya kwanza jina langu kupita kwenye chombo kile. Alilitamka vizuri, lote, hakusahau hata la baba. Kumbe ile karatasi alikuwa ameisoma.

Nikachukua kipaza sauti. Ni kizito kuliko nilivyodhani.

"Siombi msamaha," nikasema. "Siku zote wimbo huu una vigelegele vitano. Kuna mtu amekata viwili kwa mkasi, na mwingine aliyejua maana yake alinyamaza. Kliniki haikubadilisha mtu. Wamboi, simama."

Wamboi akasimama pembeni na mtoto wake, akamfungua nguo, akamwinua juu vilevile, miguu hewani. Mtoto akakojoa. Watu wakacheka mpaka wakashikana mabega.

"Huyo ndiye wa kwenye filamu," nikasema. "Na bado ni mvulana. Sasa washa mashine."

Zacharia alinyosha mkono arudishiwe kipaza sauti. Nikamgeuzia mgongo.

Filamu ikaenda. Jina lake likapita tena pale juu, nikaliacha lipite. Wimbo ukaimbwa. Nilikuwa nahesabu kwa kisigino ardhini, kama kwenye kinu. Mtoto akainuliwa. Mashine ikapiga kimoja, cha pili, cha tatu, ikanyamaza, na kabla ya kimya kukaa nikapiga cha nne mimi, kwa kipaza sauti, kwa nguvu yangu yote. Cha tano sikukipiga. Kilipigwa na uwanja. Bibi mmoja akasema kwa sauti, "Sasa huyo ni mvulana!" na nilipogeuka nilimwona Wangeci amesimama mbele ya nesi, wanaongea, nesi amemwekea mkono tumboni.

Ningeweza kuishia hapo. Bwana Pelham alikuwa anatabasamu, Zacharia amenikaribia tena na mkono wake. Lakini hasira yangu ilikuwa haijaisha. Hata sasa ninapoandika ipo.

"Neno moja," nikasema. "Mwanzoni mmesoma jina la Zacharia Waweru. Zacharia hajatunga hata mluzi. Wimbo huu ni wangu. Wa kunawa mikono ni wangu, wa matuta ni wangu. Mimi ni Ngendo, binti wa Kang'ethe, na ndimi ninayetunga nyimbo za sinema."

 Nilimsikia Bwana Pelham akimuuliza Zacharia nimesema nini, na kwa mara ya kwanza tangu nimjue mkalimani yule hakuwa na tafsiri.

Kisha kutoka gizani, upande wa waimbaji, koo la Warigia likapiga kigelegele. Nilidhani anashangilia tu. Kikaja cha pili, na sasa walikuwa wanawake wengi pamoja naye. Kikaja cha tatu, uwanja mzima, kirefu, mbwa wa Ruiru wakaanza kubweka. Nikangoja cha nne.

Hakikuja. Walikuwa wamemaliza, na hawakukosea hesabu.